Mkutubi wa Keko Aliyetuandikia Habari za Budha

Wasikilizaji wapendwa, salaam popote mlipo: jikoni, dukani, kwenye foleni, au mmekaa zenu barazani mnapunga upepo. Leo nawaomba mpunguze kidogo mazungumzo, muipandishe sauti redio. Tunamkumbuka mama mmoja. Jina lake Flaviana Nandonde. Narudia kwa wanaowasha redio sasa hivi: Flaviana Nandonde, mkutubi mstaafu, mkazi wa Keko kwa miaka mingi, na baadaye Madale. Amefariki dunia mwezi uliopita akiwa na miaka sitini na tisa. Mie ni mtangazaji wenu, Brightson Mchopa.

Huenda jina hilo hujawahi kulisikia. Hakuwa kiongozi, hakuimba, hakugombea chochote. Alikuwa Mkatoliki, mzaliwa wa Masasi, aliyekaa mezani kwake akaandika kwa Kiswahili cha kueleweka kitabu cha historia na mafundisho ya Ubudha. Wenzangu hapa studio waliniuliza, mama wa Keko na Budha, wapi na wapi? Nami nilijiuliza hivyo hivyo. Basi nikapanda hadi Madale, nikashuka hadi Buguruni, nikazungumza na watu wake. Niliyoyasikia ndiyo haya.

Tuanze na jambo ambalo msibani huwa tunalimeza. Bi Flaviana alikuwa na ulimi. Shuleni alikofanya kazi ya maktaba, huko Temeke, wanafunzi walimwita Pilipili. Ukirudisha kitabu kona ya ukurasa imekunjwa, utaambiwa maneno utakayokwenda nayo hadi nyumbani. Mumewe, mzee Albano, alikuwa fundi seremala pale Keko, mtengenezaji wa vitanda vinavyouzwa kando ya barabara. Mtu mpole, maneno yake ya kuhesabu. Majirani walikuwa wakitania kwamba mama akifoka, randa ya mzee ndiyo inayomjibu.

Walijaliwa mtoto mmoja tu, Sesilia.

Mwaka 2011 Sesilia alileta habari nyumbani. Amepata mchumba. Anaitwa Abdulrahman, mtoto wa Bi Zubeda Mwinjuma wa Buguruni, yule mama anayeuza nazi kwa jumla sokoni. Familia ya Kiislamu, wenyeji wa mji huu tangu enzi za mababu. Mzee Albano alisema, tuwasikilize. Bi Flaviana alisema hapana.

Sesilia ameniambia hivi, na nawapa maneno yake kama alivyoyasema: "Mama aliniambia, ukienda kuolewa Buguruni, mie nitajua nimekuzika. Alisema na mengine juu ya ile nyumba ya watu, siwezi kuyatamka redioni. Tena aliyasema dirisha liko wazi. Yakafika."

Wasikilizaji wapendwa, maneno ya Keko kufika Buguruni hayahitaji nauli.

Sesilia aliolewa. Mama yake hakwenda. Baba yake alikwenda, na hakwenda mikono mitupu. Alitengeneza kitanda cha mninga, akakifunga kwenye guta, ile baiskeli ya mizigo ya magurudumu matatu, akalisindikiza kwa miguu mpaka mlangoni kwa wakwe. Aliporudi Keko mkewe alimnunia mwezi mzima. Mzee akaendelea na randa yake.

Mwaka uliofuata Sesilia alijifungua mtoto wa kike. Mtoto hakukaa sana. Alishikwa na homa, akafariki kabla hajaanza kutambaa. Taarifa ilifika Keko. Mzee Albano alifunga kibanda chake akaenda kuzika. Bi Flaviana hakwenda. Narudia, wasikilizaji, kwa sababu mengine yote yanatokana na hili: mjukuu wake alifariki, naye hakwenda kuzika.

Miaka ikapita. Mzee Albano naye akatangulia. Sesilia alikuja msibani na wakwe zake, akakaa mkekani na wanawake wengine. Alimwendea mama yake akamwambia, shikamoo mama. Mama akaitika, marahaba. Hapo hapo yakaisha. Baada ya arobaini Bi Flaviana alihamia Madale, kwenye nyumba ambayo mzee aliiacha haijapigwa plasta, huko mlimani. Akawa anaishi peke yake na kelele za kuku wa jirani.

Sasa tunafika kwenye vitabu.

Alikuwa amebakiza muda mfupi kustaafu. Shule ikapokea msaada wa vitabu kutoka nje. Kamusi, hisabati, sayansi. Ndani ya shehena hiyo kulikuwa na boksi moja la vitabu vya Ubudha. Vinene vya historia, vyembamba vya mafundisho, na kimoja cha watoto chenye picha za rangi. Mwalimu mkuu akavipekua, akamwambia, "Mama, hivi kwenye mtihani havimo. Vitoe, fanya utakavyoona." Bi Flaviana hakuwahi kutupa kitabu maishani mwake. Akavibeba hadi Madale.

Alivisoma kikutubi, kwanza kutaka kujua viwekwe rafu gani. Akasoma kwamba zaidi ya miaka elfu mbili na mia nne iliyopita, karibu na milima mirefu ya kaskazini ya Bara Hindi, alizaliwa mtoto wa mtawala, jina lake Siddhartha. Akasoma kwamba kijana huyo alilelewa kwa raha, asione mgonjwa, asione mzee, asione maiti. Siku alipowaona, raha ikamwisha. Akataka kujua kwa nini binadamu anapata tabu, na kama tabu hiyo ina dawa. Akaondoka nyumbani kwenda kutafuta jibu. Nyuma aliacha mke, na mtoto mchanga.

Hapo Bi Flaviana akakifunga kitabu kwa hasira.

Habari hii nimepewa na Bi Zubeda wa Buguruni, ambaye baadaye aliambiwa na mwenyewe. Bi Zubeda anasema: "Alinambia, dada, yule bwana nilimchukia. Nilimsema peke yangu mle ndani kama niko naye. Mwanaume gani anakimbia mtoto mchanga kwenda kutafuta hekima? Hekima si imelala hapo kwenye kanga? Nikamsema wee, mpaka nikaisikia sauti yangu mwenyewe. Nikajiuliza, na wewe Flaviana, wa kwako ulimwona lini?"

Kitabu kilikaa kimefungwa muda mrefu. Siku alipokifungua tena, alisoma kwamba miaka baadaye yule bwana, sasa akiitwa Budha, yaani aliyeamka, alirudi kwao. Ukoo mzima ukatoka kumlaki. Mkewe hakutoka. Alibaki chumbani akasema, kama nina thamani yoyote kwake, atakuja mwenyewe. Na Budha akaenda mwenyewe, hadi chumbani.

Jumamosi moja, kabla jua halijawa kali, Bi Flaviana alivaa kitenge chake kizuri akashuka Buguruni. Hakwenda nyumbani kwa watu, aliona hajapata haki ya mlango ule. Alikwenda sokoni, kwenye nazi.

Nilikaa na Bi Zubeda pale pale sokoni. Anafua nazi huku anaongea, hakuangalii. Alinisimulia hivi: "Namwona huyo, amesimama. Nikajua ni yeye. Nikamwambia, leo ndiyo umeijua njia ya Buguruni? Mbona hukuijua tulipokuwa tunazika? Nikamwambia nyumba uliyoitukana ndiyo inayomlisha mwanao. Nilimwambia mengi, na soko zima likasikia. Namngoja ajibu, maana sifa zake ninazo. Nilikuwa nimejiandaa. Hakujibu. Kasimama tu. Mie nikaishiwa maneno. Nikamwambia, nenda zako, nina wateja."

Nikamuuliza, akaenda?

"Akaenda. Wiki ya pili yake kaja tena."

Safari hiyo Bi Zubeda alimwacha asubiri. Akauza, akahesabu nazi za watu, akafunga magunia. Mwisho akamsukumia kigoda. Bi Flaviana akaketi akasema, "Bi Zubeda, nimekuja kuomba radhi. Niliitukana nyumba yako bila kuijua. Sikuja kumzika mjukuu wetu. Sina cha kujitetea."

Bi Zubeda anasema, "Neno wetu. Lile neno wetu ndilo lililonilegeza. Nikamwambia, umekula?"

Hivyo ndivyo walivyoanza. Mara anashuka Buguruni, mara Bi Zubeda anapanda Madale na nazi zake mbili tatu kwenye mfuko. Siku moja Bi Zubeda akaona mezani karatasi nyingi zimeandikwa kwa mkono. Akauliza ni nini. Bi Flaviana akamwambia anaandika habari za Budha kwa Kiswahili, ili mtu wa kawaida asome.

"Nikamuuliza, mkwe, unataka kubadili dini? Akacheka. Akasema, mie Jumapili niko misani. Nikisoma habari za Uchina, nimekuwa Mchina? Nikamwambia haya, nisomee."

Akamsomea. Na Bi Zubeda, aliyekulia kwa bibi mtunga mashairi, akawa anamsimamisha. Mafundisho ya Budha yanaanza na habari ya tabu ya binadamu. Bi Flaviana alikuwa ameandika mateso. Bi Zubeda akamwambia, mateso ni ya mtu aliyefungwa anapigwa. Wewe unasema kitu kinachombana mtu hata akiwa ameshiba na kalala kwenye godoro. Hiyo ni dhiki. Wakabishana. Bi Flaviana akasema dhiki ni kukosa hela. Bi Zubeda akasema kwenu Masasi, siyo kwetu. Neno dhiki likaingia.

Kwingine palikuwa na ile hali ya mwisho, wanayoiita nirvana. Vitabu vilieleza kwamba maana yake ni kama moto kuzimika. Bi Flaviana hakuridhika. Akaenda hadi mjini, kwenye hekalu la Wabudha, akavua viatu, akamuuliza mtawa mmoja mwenye joho la rangi ya chungwa. Mtawa akampa chai, akamwambia neno hilo limewasumbua wengi kabla yake, asione haya. Bi Flaviana aliporudi aliandika neno lenyewe lilivyo, kisha akaongeza: moto wa tamaa, wa chuki na wa ujinga umeishiwa kuni.

Sura aliyoipenda Bi Zubeda ni ya mfalme Ashoka. Huyu alitawala Bara Hindi. Aliua watu wengi mno katika vita moja, kisha akajuta mbele ya watu wote. Alichonga maneno yake kwenye miamba na nguzo, akiwaambia raia waheshimu dini za wenzao. Bi Zubeda akanambia, "Mfalme huyo ningemuuzia nazi bei ya nyumbani."

Wasikilizaji wapendwa, mambo hayakuwa laini yote. Jumuiya ya Wakatoliki wa pale Madale ilisikia kwamba mama anaandika vitabu vya masanamu. Kina mama wengine waliacha kufika sala inapokuwa zamu ya nyumba yake. Katekista akaja kumuuliza kwa upole. Bi Flaviana akamwekea karatasi mbele, akamwambia, soma, ukikuta nimemkana Yesu nipige kalamu nyekundu. Katekista akasoma mchana kutwa, akala na ubwabwa wa nazi hapo. Hakuipiga kalamu, ila alimwomba aongeze mwanzoni maneno kwamba yeye ni Mkristo anaeleza imani ya wengine. Akaongeza. Kina mama wale, baadhi yao hawakurudi hadi msibani.

Kitabu kilichapwa mwaka juzi. Kinaitwa Habari za Budha kwa Jirani Zangu. Nakala chache, karatasi ya kawaida, jalada la kijani. Ninacho hapa mkononi. Ni kitabu cha mtu anayekueleza akiwa amekaa nawe jikoni.

Lakini mtauliza, na Sesilia?

Nami nilimuuliza. Sesilia sasa ana watoto wawili wa kiume. Anashona nguo Buguruni, ni mtu wa sauti ya chini kama marehemu baba yake. Alikata uzi kwanza. Kisha akasema: "Watu walidhani mama mkwe akisamehe, na mie nimesamehe. Mie sikuwa nimesamehe. Mama akija nampikia chai, namwamkia, nampa wajukuu awashike. Basi. Mie niliachwa peke yangu siku ambayo mwanamke anamhitaji mama yake. Bi mkwe ndiye aliyenishika."

Nikamuuliza, mama hakukubembeleza?

"Alisema samahani mara moja, akanyamaza. Hakunisukuma. Mama yangu mie, anayejulikana Temeke nzima, alikuwa anakuja, anakaa, anakunywa chai, anaondoka. Hilo lilinishangaza kuliko kitabu."

Mwanzoni mwa mwaka huu Bi Flaviana alianza kuvimba miguu. Hospitali wakasema moyo umepanuka. Akawa hapandi tena kile kilima cha kwake bila kusimama njiani. Sesilia akamchukua wakae wote Buguruni kwa muda. Na asubuhi moja, anasema, hajui kilichomwingia. Alimwambia tu, "Mama, vaa viatu."

Walikwenda na bajaji hadi makaburini. Hapakuwa mbali. Sesilia alimshika mkono, wakapita taratibu katikati ya makaburi hadi kwenye kaburi dogo lenye jiwe kichwani, lisilo na maandishi.

Nawapa maneno ya Sesilia: "Mama alisimama akihema. Akaangalia. Halafu akaniuliza, anaitwa nani? Nilitaka kumjibu vibaya. Miaka yote ile hajawahi kuuliza. Lakini nikamwangalia, nikaona ameogopa. Anaogopa nisimwambie. Nikamwambia, Zuena."

Hapo nikazima kinasa sauti. Tulipoendelea alisema: "Akakaa chini, mchangani, na kitenge chake kizuri. Akasema, Zuena, mie bibi yako wa Keko. Nimechelewa. Akaanza kung'oa majani. Hakusema habari za Budha, wala za nani. Anang'oa tu majani, anayaweka pembeni. Nikakaa naye. Nikalia. Tangu niolewe sikuwahi kulia mbele ya mama. Hakuniambia nyamaza. Nadhani tulikaa mpaka jua likawa kali."

Walipotoka pale, anasema, njiani mama yake alimuuliza Zuena alikuwa anafanana na nani. Sesilia akamwambia, na wewe, kipaji cha uso. Mama akasema, masikini mtoto. Wakacheka wote wawili ndani ya bajaji.

Bi Flaviana aliomba kurudi Madale, kwenye nyumba ya mumewe. Miezi yake ya mwisho Sesilia alikuwa naye huko, na Bi Zubeda akipanda kila siku asiyokwenda sokoni. Macho ya mgonjwa yalikuwa yamechoka, kwa hiyo Bi Zubeda ndiye aliyemsomea. Alimsomea kile kitabu chao. Asubuhi ya mwisho alikuwa anamsomea sura ya Budha kurudi nyumbani. Alikuwa anasoma haraka, ili mgonjwa apate kulala. Bi Flaviana akafumbua macho akasema, "Soma polepole, mkwe. Huo siyo mnada."

Bi Zubeda akasoma polepole. Alipofika mwisho wa ukurasa, mwenzake alikuwa ametulia. Sesilia alikuwa amemshika miguu.

Flaviana Nandonde alizikwa Madale baada ya misa. Katekista yule yule aliongoza sala za kaburini. Jeneza lilibebwa na vijana wa jumuiya pamoja na vijana wa ukoo wa Mwinjuma, kofia na rozari bega kwa bega. Wale kina mama waliokuwa wamesusa walikuja, wakapika. Bi Zubeda aliketi mkekani pa wafiwa, na hakuna aliyemuuliza kwa nini. Nilipomuuliza mie atamkumbuka kwa lipi, alisema, "Alikuwa mbishi. Nyumba imekuwa kimya."

Kwa Sesilia, kwa mumewe Abdulrahman na watoto wenu, kwa Bi Zubeda, kwa ndugu wa Masasi, na kwa kila aliyewahi kukemewa kwenye maktaba ile ya Temeke: sie wa redio hii tunawapa pole. Tumekaa nanyi mkekani. Mwenyezi Mungu ampumzishe mama yetu, na awape nyie subira ya kuizoea hiyo nyumba iliyokuwa kimya.

Nanyi wasikilizaji wapendwa, sitawaambia mkatafute vitabu vya Budha, ingawa mkikipata kile cha jalada la kijani, kisomeni. Nawaomba mfikirie jambo moja dogo. Inawezekana kuna mtu wa kwenu, dada, mkwe, jirani, aliyewahi kuzika mtoto. Ulituma rambirambi, au hukutuma. Ulikwenda, au hukwenda. Lakini huyo mtoto alikuwa na jina.

Muulize anaitwa nani. Halafu kaa.